Kilo Hasi za Merigi

Vijana wangu wa ofisi ya Kericho, najua mnachotaka. Hamtaki kusikia nilipanda cheo lini wala nilipewa kiti cha kuzunguka mwaka gani. Mnataka kujua kama ni kweli mimi, Mzee Koech, nilikaribia kuvunja koito ya binti yangu kwa sababu ya spline. Ni kweli kabisa. Sasa nimestaafu, nina ng'ombe wawili na muda mwingi, kwa hiyo nitawaandikia yote kwa mpangilio, maana nimesikia mnavyoisimulia kantini na mnaiharibu. Lakini ili mwelewe kwa nini baba mwenye akili timamu atoke mbio siku ambayo ukoo mwingine umekuja kumwomba binti yake, itabidi mnivumilie nianze mbali kidogo.

Siku yangu ya kwanza nilifika na tai ya kuazima. Ofisi ilikuwa na kazi moja, ileile mnayofanya leo: kukisia kila kituo cha majani kitakuwa na kilo ngapi kesho, ili malori yagawanywe vizuri. Wengine waliona kazi hiyo ni ya kuchosha. Mimi nilizaliwa Merigi. Nilimwona mama yangu amekaa juu ya gunia lake hadi jioni, lori halijafika, majani yamepata joto na kugeuka rangi ya kahawia, halafu karani anatikisa kichwa na yote yanamwagwa kando ya barabara. Mama alikunja gunia tupu, akalibeba kichwani hadi nyumbani. Kwa hiyo nilipoambiwa kwamba kuna watu kazi yao ni kuhakikisha lori linafika, nilitaka kuwakumbatia.

Nilikalishwa karibu na Bwana Odhiambo. Huyu alikuwa mtu wa ziwani aliyekuja Kericho akiwa kijana kufanya kazi kiwandani, akaoa, akajenga, na akawa anazungumza Kipsigis cha kuchekesha kuliko mtu yeyote niliyewahi kumsikia. Mezani kwake kulikuwa na karatasi kubwa ya mirabaraba, penseli iliyochongwa vizuri na ukanda mwembamba wa plastiki, mrefu kama mkono, ambao yeye aliuita kijiti. Kila siku aliweka nukta ya kilo za kituo kwenye karatasi. Kisha alikisimamisha kijiti kwa ukingo wake, akakipitisha kwenye nukta zote, akakizuia kwa mawe ya mizani ya zamani na kuchora mstari kukifuata.

Nikajaribu. Mstari wangu ulipinda kama nyoka aliyekanyagwa.

"Wewe unakilazimisha," Odhiambo akaniambia. "Shika tu pale kwa nukta. Hapo katikati wacha kijikunje chenyewe. Hiyo kitu inajua njia rahisi kukushinda."

Vijana wangu, spline ni hiyo. Msitishwe na vitabu. Ni ukanda unaoshikiliwa kwenye nukta na kuachwa upumzike mahali pengine pote. Pale unaposhikiliwa tunapaita fundo. Nilifurahi siku hiyo hata nikapita kituo changu cha kushukia nikirudi nyumbani, na mke wangu Rael akaniuliza kama nimelewa.

Kompyuta ililetwa baadaye ndani ya boksi kubwa, na boksi lenyewe likagombaniwa na watu wa stoo. Maktaba yetu ya kwanza, yaani mkusanyo wa programu za kukokotoa spline, ilikuwa kwenye disketi. Ilikuwa na majina ya kazi mafupi mafupi, kama mtu anayekohoa, na kitabu cha maelezo kilichoandikwa na mtu aliyedhani msomaji anajua tayari. Kitabu hicho nilikisoma msalani, nikakisoma nikikamua ng'ombe, nikakisoma kanisani kikiwa ndani ya kitabu cha nyimbo. Kosa lililonitesa zaidi lilikuwa dogo: ukiingiza siku bila kuzipanga kwa tarehe, maktaba haikulalamika. Ilikupa jibu, tena kwa ujasiri. Mpaka leo kabla ya kukokotoa chochote mimi hupanga data kwanza na kuichora, halafu naitazama kwa macho yangu mwenyewe. Nyinyi mnaruka hatua hiyo. Najua, nimewaona.

Mstari wa kwanza ulipotokea kwenye kioo nilipiga kelele mpaka mama wa usafi akaja na fagio akidhani kuna nyoka. Odhiambo alivaa miwani, akachukua kijiti chake, akakibandika juu ya kioo cha kompyuta. Vilikubaliana. Mstari wa mashine ulipita palepale kijiti kilipopita. Alicheka mpaka akalazimika kukaa chini, na mama wa usafi akacheka pia, bila kujua tunacheka nini.

"Sasa imesoma," akasema Odhiambo, kana kwamba mashine ni mtoto wake aliyefaulu mtihani.

Haikuwa imesoma Jumapili. Huku kwetu Jumapili hakuna mtu anayechuma chai, watu wako kanisani, na mimi nilikuwa nimeingiza sifuri kwa kila Jumapili bila kufikiri. Ukilazimisha ukanda ushuke mpaka sifuri na kupanda tena kila wiki, unaanza kuruka kama mbuzi. Jumamosi ilivimba, Jumatatu ikavimba, na kituo kidogo cha kina mama wachache kikaonekana kuwa na majani ya kujaza malori ya wilaya nzima. Tukatoa Jumapili zote kwenye hesabu, kwa sababu siku ambayo kazi haipo si siku ambayo majani hayapo. Kumbukeni sentensi hiyo, nyinyi hasa mnaopenda kujaza mapengo kwa sifuri.

Jambo lingine alilonifundisha Odhiambo kabla hajarudi kwao ziwani kupumzika ni kwamba mstari hauhitaji kugusa kila nukta. "Karani naye ni binadamu," alisema. "Siku ingine mizani imelowa, siku ingine amekosana na bibi yake. Mstari upite karibu na watu, usibebwe na kila mtu." Maktaba mpya zilikuwa na namba ya kulainisha kwa ajili hiyo hiyo. Ukiipunguza, mstari unaamini kila kitu. Ukiiongeza sana, hauamini chochote. Nilitumia sehemu kubwa ya maisha yangu nikiisogeza namba hiyo juu kidogo, chini kidogo, na sioni aibu kusema nilikuwa na furaha.

Mtandao ulipofika, nikagundua kuna watu duniani wanaoandika maktaba za namna hii na kuzitoa bure, na ukiwauliza swali wanajibu! Niliandika swali kwa Kiingereza changu cha Merigi. Kesho yake mtu nisiyemjua, kutoka nchi ambayo sikuwahi hata kuifikiria, alikuwa amenijibu kwa upole na kunishukuru kwa kuligundua kosa. Nilizunguka ofisi nzima nikimwonyesha kila mtu, hata dereva wa meneja. Juu ya maktaba hiyo nikajenga yangu ndogo ya kupangia malori, nikaiita Kijiti. Bwana Odhiambo nilimpigia simu kumwambia. Akauliza kama inakula umeme mwingi.

Sasa tunafika kwenye kilo hasi. Kati ya nukta ya kwanza na ya mwisho, spline ni mtu wa heshima. Nje ya nukta ya mwisho ni mlevi aliyefunguliwa mlango: akitoka akiwa anateremka, ataendelea kuteremka hadi mtoni. Kituo kikiwa na siku mbili tatu mfululizo za kushuka, Kijiti kilitabiri kwamba siku inayofuata wakulima watakuwa na kilo chini ya sifuri, yaani watayachukua majani kiwandani na kuyarudisha mitini. Sisi tulicheka, tukarekebisha kwa mkono. Meneja wa wakati huo hakucheka. Alisema kilo hasi zinamwaibisha mbele ya wageni, na akaagiza tuongeze mstari mmoja wa programu: jibu likiwa hasi, onyesha sifuri. Tukaongeza. Sifuri ilionekana safi, na hakuna aliyeiuliza ilikotoka.

Kisha akaja Akinyi, ambaye wengi wenu sasa mnamwita bosi. Aliandika upya nusu ya Kijiti kwa wiki chache, akakitia rangi na kukifundisha kutuma mpango wa Jumatatu moja kwa moja kwenye simu za madereva kila Jumamosi alasiri. Nilimpenda siku ya kwanza. Alikuwa na tabia ya kusema "wacha tuone" na kisha kuona kweli. Hakuna aliyekaa tena na mpango mkononi kuucheka kabla haujatoka, lakini kazi ilienda vizuri, na mimi nikaanza kuhesabu siku za kustaafu.

Ni katika miezi hiyo ya mwisho binti yetu Chelangat alipotuambia kuna kijana, anaitwa Kibet, watu wake wako Sigowet. Rael alifurahi palepale. Mimi nilijifanya nafikiri. Ukweli ni kwamba kijana alinipendeza tangu aliponisaidia kufungua bomba la tangi bila kuulizwa. Tukakubali watu wake waje koito, kumwomba rasmi, siku ya Jumamosi.

Mtu ambaye hajaona koito Merigi hajui kujaa kwa nyumba. Jumatano wanawake wa jirani wakaanza kuleta kuni. Alhamisi wakaja kusafisha vibuyu vya mursik, maziwa yetu ya mgando. Ijumaa wanaume walichinja, wakajenga hema na kubishana juu ya hema. Jumamosi wageni wa Sigowet waliteremka kwa wimbo, basi zima na magari nyuma yake, na wazee wa pande zote mbili tukaingia sebuleni. Mambo ya ng'ombe wa mahari yalikwisha bila kelele. Lilibaki swali lenyewe la kumwomba binti, ambalo mjomba wa Kibet, Mzee arap Rono, ndiye angeliuliza, na mimi ndiye ningelijibu. Chelangat alikuwa chumba cha pili na marafiki zake, na nilijua amebandika sikio ukutani.

Arap Rono alikuwa na hotuba ndefu. Nikatupa macho dirishani. Ng'ambo ya ua wangu chai inapanda kilima mpaka juu, na kilima chote hakikuwa na mtu hata mmoja. Hapakuwa na kikapu wala kitambaa cha kichwani. Kifua kikanijaa. Nikajisema, Koech, unapendwa! Merigi yote imeacha kazi kwa ajili ya binti yako. Wakati nikiendelea kujipongeza, mawazo yakanirudisha kazini bila kuniomba ruhusa. Alhamisi kilo zimeshuka. Ijumaa zimeshuka zaidi. Jumamosi hakuna kitu kabisa. Na Kijiti, kinachoitazama Merigi kutoka Kericho, hakijui kwamba Chelangat anachumbiwa.

Kwa Jumatatu kingetabiri hasi. Hasi ingekuwa sifuri. Na watu wote hawa waliokuwa wakila nyama yangu wangeamka Jumatatu wachume majani ya siku nne, wabebe magunia hadi kituoni na kungoja lori ambalo halikutumwa. Nikatazama saa. Mpango ulikuwa karibu kutumwa.

Nikainuka, nikanong'ona kwamba naenda kuangalia ng'ombe, nikatoka.

Nyumbani kwangu simu inashika mahali pamoja tu, juu ya ngazi ya tangi la maji. Nikapanda na suti yangu na viatu vipya.

"Akinyi! Jumatatu Merigi iko na lori ngapi?"

"Wacha tuone. Sifuri, Mzee. Hongera ya koito!"

"Asante. Toa ile laini ya meneja ya kuweka sifuri, uangalie chini yake."

Nikasikia akibonyeza. Kisha nikasikia kicheko. "Mzee! Iko hasi mbaya! Hawa watu wanarudisha majani kwa mti!"

"Hawarudishi, wako kwangu wanakula! Weka ile ya Jumatatu ya kawaida, halafu ongeza lori mbili."

"Na nikiulizwa sababu?"

"Andika koito."

Nilikuwa nikipunga mkono hewani kwa furaha nilipogeuka na kuona nyuso kwenye dirisha la sebule. Wazee wote walikuwa wananitazama. Nilichokuwa sijui ni kwamba arap Rono alifupisha hotuba. Alikuwa ameuliza swali, akakuta kiti changu kitupu, na alipotazama nje akaniona juu ya tangi nikirusha mikono kama mtu anayefukuza nyuki. Kwetu, swali likiulizwa baba akiwa ametoka, wageni hawaliulizi tena. Wanatafuta makoti yao.

Nilipoteremka walikuwa wameshayapata. Rael alisimama mlangoni akanitazama kwa jicho ambalo sijaliona tangu tuoane. Chelangat alikuwa amevunja utaratibu wote na kutoka nje, rangi ya macho imemshuka mashavuni.

"Baba," akasema, "kama hutaki Kibet, ungesema juzi. Si leo. Si mbele ya watu."

Maneno hayo yaliniuma kuliko kitu chochote. Nikataka kumwambia kwamba namtaka Kibet kuliko anavyomtaka yeye, lakini mdomo wangu, Mungu anisamehe, ulifunguka na kusema, "Ni spline."

"Ni nani?" akauliza arap Rono kwa ukali.

Basi nikaeleza. Nikaeleza pale uani nikiwa katikati ya koo mbili, kwa Kiswahili na Kipsigis na mikono. Nikaonyesha mstari ukishuka Alhamisi, ukishuka Ijumaa, nikainama nao Jumamosi mpaka magoti yakagusa nyasi, nikawaonyesha unavyoendelea kushuka ardhini Jumatatu. Nikaeleza habari ya sifuri. Nikaeleza habari ya lori. Mtoto mmoja akaanza kucheka akanyamazishwa.

Arap Rono hakucheka. Alikunja uso akifikiri, koti limening'inia mkononi.

"Kwa hivyo hiyo kompyuta yako ikiona watu hawachumi, inafikiri majani imeisha."

"Ndiyo, Mzee."

"Na hapa kwenu watu hawajachuma kwa sababu ya sisi."

"Ndiyo."

"Na sisi?" Akageuka polepole akawatazama watu wake, basi zima lao. "Nani amebaki shamba huko kwetu?"

Wakaangaliana. Mama mmoja alisema amemwacha mume wake, na mume wake akainua mkono kutoka nyuma ya hema. Hakuna aliyebaki. Hata karani wa majani wa kituo chao alikuwepo, ameshika mfupa.

"Mkwe wangu," akasema arap Rono, na sauti yake ilikuwa tofauti kabisa, "hiyo tangi inapandwa upande gani?"

Koito yangu ikahamia kwenye tangi la maji. Nilipanda tena, na watu wa Sigowet wakalizunguka wakipiga kelele za majina ya vituo vyao, na watu wa Merigi wakasaidia kupiga kelele ingawa vyao vilishaandikwa. Akinyi upande wa pili aliandika na kucheka, akauliza kama hii ni harusi au mnada. Tulimaliza mpango ukiwa haujatumwa. Nilipoinua kidole gumba, wanawake walipiga vigelegele, wa ukoo huu na ule, na mtu mmoja akanirushia kofia.

Arap Rono akavaa koti lake vizuri, akajiweka sawa chini ya ngazi. "Baba Chelangat," akaita, "kwa vile uko huko juu na tunakuona wote, na huwezi kutoroka. Kijana yetu anaomba msichana. Unatupa?"

Nilitazama chini nikamwona Chelangat amemshika mama yake mkono, anacheka na kulia kwa pamoja. Nililia juu ya tangi, vijana, sifichi, halafu nikasema ndiyo kwa nguvu hata ng'ombe wakageuka.

Jumatatu malori yalifika Merigi na yakajaa hadi turubai halikufungika. Sigowet vilevile. Hakuna gunia lililomwagwa. Jumanne nikafika kazini, na mimi na Akinyi tukaufuta ule mstari wa kuficha hasi. Sasa jibu likiwa hasi Kijiti kinakataa kupanga, kinaonyesha namba ya simu ya karani wa kituo na kusema: mpigie uulize kuna nini. Huo ndio mstari wa mwisho wa programu nilioandika maishani, na nawaomba msiuguse.

Tulipomaliza, Akinyi aliuchora mwezi mzima wa Merigi kwenye kioo. Mstari ulipita taratibu katikati ya nukta, ila nukta mbili zilikuwa peke yake, moja chini kabisa na nyingine juu kabisa.

"Hizi mbili zinaharibu mstari, Mzee," akasema. "Nizitoe?"

Nikavuta kiti changu karibu.

"Zipe uzito mdogo kwenye hesabu," nikamwambia, "lakini usifute. Hiyo ya chini ni watu wamekaa kwangu. Na hiyo ya juu ni binti yangu anaolewa."